Utamaduni: Edmund Fellowes, kasisi aliyezikutanisha tena sauti za nyimbo za kale za Uingereza

Kila mwanakwaya anajua jambo hili: ukichukua wimbo wa sauti nne na kuondoa tenori, hubaki na robo tatu ya wimbo. Unabaki na wimbo wenye tundu. Basi inashuka peke yake, alto inangojea jibu lisilokuja, na msikilizaji anajiuliza kama waimbaji wamesahau zamu yao. Ni katika hali hiyo sehemu kubwa ya muziki wa kanisa wa Uingereza wa karne ya 16 ilifika mikononi mwa watu wa karne ya 20. Nyimbo zilikuwa zimetawanyika katika vitabu vidogo vidogo, kila kitabu na sauti yake, vingine katika maktaba ya Oxford, vingine Durham, vingine havijulikani viko wapi.

Mmoja kati ya watu waliofanya kazi kubwa ya kuzikutanisha sauti hizo ni Edmund Horace Fellowes, kasisi wa Kanisa la Anglikana aliyezaliwa London mwaka wa 1870 na kufariki mwaka wa 1951. Kwaya nyingi ulimwenguni zinazoimba leo nyimbo za William Byrd, Orlando Gibbons, John Wilbye ao Thomas Weelkes zinafuata njia aliyoifungua yeye. Lakini wataalamu waliokuja kisha yeye walilazimika kuifanya sehemu kubwa ya kazi yake upya. Sababu yao inagusa kila mtu anayeshika andiko la zamani na kutaka kulitoa kwa watu wa leo: je, msomaji ataweza kutofautisha kilichoandikwa na mwenye wimbo na kilichoongezwa na aliyeuokota?

Mtoto wa fidla aliyeingia ukasisi

Fellowes alipiga fidla tangu utoto. Mwaka wa 1878, Joseph Joachim, mmoja wa wapiga fidla wakubwa wa Ulaya wakati huo, alimsikia na akataka kumchukua Berlin kuwa mwanafunzi wake. Familia ilikataa. Mtoto akaendelea na masomo ya kawaida, akafika katika chuo kikuu cha Oxford, kisha akapewa daraja la ukasisi. Mwaka wa 1897 alipata kazi ya kusimamia ibada za kuimbwa katika katedrali ya Bristol. Mwaka wa 1900 alihamia katika kanisa la Mtakatifu George, lililo ndani ya ngome ya kifalme ya Windsor. Alikaa pale zaidi ya miaka 50, mpaka kifo chake.

Kazi yake ya kila siku haikuwa ya mchunguzi. Alikuwa kasisi mdogo wa kanisa, mwenye kuongoza sala zinazoimbwa pamoja na kwaya ya wanaume na watoto. Hakuwa profesa. Kitabu alichoandika mwaka wa 1946 juu ya maisha yake, katika jina lake lenyewe, kinamtaja kama mwanamuziki asiye wa kazi hiyo, mtu afanyaye muziki kwa kuupenda. Lakini kukaa ndani ya kwaya kulimpa kitu ambacho watu wengi wa maktaba hawakuwa nacho: alisikia kila siku nini kinaimbika na nini hakiimbiki.

Kitabu kimoja, sauti moja

Kusudi mtu aelewe ukubwa wa kazi hiyo, inafaa kwanza kujua namna muziki ulivyoandikwa wakati ule. Leo mwanakwaya akipewa karatasi, anaona sauti zote zimepangwa moja juu ya nyingine: soprano, alto, tenori, basi. Akipotea, macho yake yanaweza kutafuta mwenzake. Katika Uingereza ya karne ya 16 haikuwa hivyo kwa sehemu kubwa. Kila sauti ilikuwa na kitabu chake. Wimbo wa sauti tano ulihitaji vitabu vitano, na mwimbaji wa basi hakuona hata noti moja ya wenzake. Aliwasikia tu.

Tena, vitabu hivyo havikuwa na mistari ya kugawa vipimo kama tunavyoiona sasa. Mwimbaji alihesabu muda wa kila noti na kila kimya, akajua zamu yake kwa kusikiliza. Maneno pia hayakuwekwa kila mara chini ya noti inayohusika. Mara nyingi mwandishi aliandika sentensi mwanzoni mwa mstari na kumwachia mwimbaji kazi ya kuigawa. Kulikuwa pia na noti za kupandisha ao kushusha nusu ya sauti ambazo hazikuandikwa, kwa sababu kila aliyefundishwa kuimba alizijua.

Kwa hiyo mtu wa karne ya 20 anayetaka kurudisha wimbo mmoja anapaswa kutafuta vitabu vyote vya seti moja, kunakili kila sauti, kisha kuzipanga moja juu ya nyingine, noti kwa noti. Hapo ndipo makosa yanaonekana. Kama mnakili wa zamani aliruka noti moja katika alto, sauti hiyo itafika mwisho mbele ya wenzake. Kama kosa liko katikati, sauti mbili zitagongana mahali ambapo zilipaswa kupatana. Mhariri anapaswa kuamua ni nani aliyekosea, na kama kuna nakala nyingine ya wimbo uleule katika maktaba nyingine, anapaswa kusafiri na kuilinganisha.

Na kama kitabu kimoja cha seti kimepotea, nyimbo zote zilizomo ndani ya seti zinapoteza sauti hiyo kwa mara moja. Hata moto hauhitajiki. Inatosha mtu mmoja aazime kitabu kimoja na asikirudishe.

Namna vitabu vilivyopotea

Moto ulikuwepo pia. Mwaka wa 1534 mfalme Henry VIII alilitenga Kanisa la Uingereza na Papa wa Roma. Kati ya mwaka wa 1536 na 1540 monasteri zilifungwa, na pamoja nazo kwaya zake na maktaba zake. Henry alipofariki mwaka wa 1547, mwanawe Edward VI alikuwa na miaka 9, na waliotawala kwa jina lake waliyapeleka mageuzi mbali zaidi. Mwaka wa 1549 kitabu kipya cha sala katika Kiingereza kilichukua nafasi ya ibada za Kilatini. Miezi michache baadaye amri na sheria zikataka vitabu vya ibada ya zamani vikusanywe na kuharibiwa.

Muziki uliotungwa kwa ajili ya ibada hizo ukakosa kazi. Nyimbo ndefu za Kilatini kwa Bikira Maria, ambamo silabi moja iliweza kuimbwa kwa noti nyingi sana, zilihesabiwa kuwa za upotovu. Wakubwa wapya wa Kanisa walitaka maneno yasikike waziwazi, ikiwezekana noti moja kwa silabi moja. Kurasa za ngozi za vitabu vya zamani zilikatwa na kutumiwa kutengeneza majalada ya vitabu vingine. Mpaka leo wachunguzi wanapofungua mgongo wa kitabu cha hesabu cha zamani, wakati mwingine wanakutana na kipande cha muziki.

Kitabu cha kwaya cha shule ya Eton kinaonyesha ukubwa wa hasara. Kiliandikwa karibu na mwaka wa 1500, kwa ajili ya kanisa la shule hiyo, jirani na Windsor. Ni kitabu kikubwa ambacho kwaya nzima ilisimama mbele yake, sauti zote zikiwa zimeandikwa katika kurasa mbili zinazotazamana. Orodha yake ya mwanzo inahesabu nyimbo 93. Zilizobaki, nzima ao vipande, ni 64. Na hiki ni kati ya vitabu vilivyobahatika: kutoka wakati ule, vitabu vikubwa vya namna hiyo vilivyopona nchini Uingereza vinahesabika kwa vidole.

Pigo la pili lilikuja miaka ya 1640, wakati wa vita kati ya mfalme Charles I na bunge. Kwaya za katedrali zilivunjwa, ogani zikabomolewa, na vitabu vya muziki vikachanwa mahali pengi. Kwaya ziliporudi mwaka wa 1660 pamoja na mfalme mpya, mapendezi ya watu yalikuwa yamebadilika. Kilichopona moto na panga kikawekwa juu ya rafu, na kwa sehemu kubwa kikasahauliwa huko.

Mkatoliki katika kapela ya malkia

Mtu aliyemvuta Fellowes kuliko wengine ni William Byrd, aliyezaliwa karibu na mwaka wa 1540 na kufariki mwaka wa 1623. Maisha ya Byrd yanaeleza kwa nini vitabu hivi vilikuwa vitu vya hatari, na kwa nini kazi ya kuvichunguza inafanana wakati mwingine na kazi ya polisi.

Byrd alikuwa mwimbaji na mpiga ogani wa Kapela ya Kifalme ya malkia Elizabeth I, kiongozi wa Kanisa la Kiprotestanti la Uingereza. Lakini yeye mwenyewe alibaki Mkatoliki. Malkia alimthamini. Mwaka wa 1575 alimpa, pamoja na mwalimu wake Thomas Tallis, ruhusa ya pekee ya kuchapisha muziki katika nchi kwa miaka 21. Mwaka huohuo wawili hao walimtolea malkia kitabu cha nyimbo 34 za Kilatini, kila mmoja akitoa 17, kwani malkia alikuwa katika mwaka wa 17 wa utawala wake. Biashara haikuenda vizuri, na miaka miwili kisha walilazimika kumwomba malkia msaada.

Wakati huohuo nyumba ya Byrd ilikuwa inaandikwa katika orodha za watu wasiokwenda kanisani, na faini zilimfuata kwa miaka mingi. Tangu sheria ya mwaka wa 1585, padri aliyepewa upadri ng'ambo na kurudi Uingereza aliweza kuuawa kama msaliti. Misa ilisomwa kwa siri katika nyumba za Wakatoliki wenye mali, milango ikiwa imefungwa.

Ni kwa ajili ya misa hizo za siri Byrd alitunga misa tatu: moja ya sauti nne, moja ya sauti tatu, moja ya sauti tano. Zilichapishwa miaka ya 1590 bila ukurasa wa kwanza. Hakuna mwaka, hakuna jina la mchapaji. Jina la Byrd liko juu ya kurasa za muziki, lakini mambo mengine yote ambayo serkali ingetaka kujua hayapo. Kwa karibu miaka 400 watu walibuni tu tarehe zake. Mwaka wa 1966 mchunguzi Peter Clulow alitumia njia nyepesi na ya uvumilivu: alitazama herufi kubwa zilizopambwa mwanzoni mwa kila sauti. Herufi hizo zilichongwa juu ya mbao, na ubao unaotumiwa mara nyingi unapasuka na kulika. Akalinganisha mipasuko hiyo na ile ya vitabu vingine vilivyo na tarehe kutoka kwa mchapaji Thomas East wa London. Ikaonekana kwamba East ndiye aliyechapa misa hizo, ile ya sauti nne kwanza, karibu na mwaka wa 1592 ao 1593, na ile ya sauti tano mwishoni, karibu na 1594 ao 1595.

Hatari haikuwa ya kuwaziwa tu. Mwaka wa 1605 Byrd alitoa sehemu ya kwanza ya mkusanyo wake mkubwa wa nyimbo za Kilatini kwa sikukuu za Kikatoliki. Katika mwaka huo mgeni mmoja Mfaransa alikamatwa na kutiwa gerezani Newgate, London, kwa sababu alikutwa na vitabu hivyo. Mnamo Novemba ya mwaka huo ukagunduliwa mpango wa Wakatoliki fulani wa kulipua bunge kwa baruti, na hali ikawa ngumu zaidi. Hata hivyo sehemu ya pili ilitoka mwaka wa 1607.

Mtaalamu Joseph Kerman, katika kitabu chake cha mwaka wa 1981 juu ya misa na nyimbo za Kilatini za Byrd, alionyesha namna mtunzi huyo alivyorudia rudia maneno ya Biblia yanayosema juu ya utumwa, juu ya Yerusalemu iliyoharibiwa, juu ya watu wanaongojea ukombozi. Maneno hayo hakuna hakimu ambaye angeweza kuyakataza, kwani ni ya Maandiko. Lakini Wakatoliki walioyaimba nyuma ya mlango uliofungwa walijua yanasema juu ya nani.

Vitabu 36, kisha 32, kisha 20

Fellowes hakuanza na muziki wa kanisa. Alianza na madrigali, nyimbo za mapenzi na za maisha ya shamba zilizoimbwa nyumbani na marafiki walioketi kuzunguka meza. Mtindo huo ulitoka Italia, ukashika Uingereza kwa nguvu tangu mwaka wa 1588, wakati mkusanyo wa kwanza mkubwa wa madrigali za Kiitalia zenye maneno ya Kiingereza ulipochapishwa London. Kwa karibu miaka 40 watunzi Waingereza waliandika zao mamia kwa mamia, kisha mtindo ukafa.

Kati ya mwaka wa 1913 na 1924 Fellowes alitoa mkusanyo wa madrigali za Kiingereza katika vitabu 36. Vita vya kwanza vya ulimwengu vilipita katikati ya kazi, na kazi haikukatika. Pamoja na noti alitafuta pia watu walioziandika. John Wilbye, ambaye wengi wanamhesabu kuwa bora kati ya watunzi wa madrigali, alikuwa karibu jina tupu. Fellowes alipekua daftari za parokia, wasia na karatasi za familia, akamtoa mtu mzima: mwanamuziki aliyeishi miaka mingi katika nyumba ya familia ya Kytson, kule Hengrave, mashariki mwa Uingereza, na kufariki mwaka wa 1638.

Kisha zikafuata nyimbo za mtu mmoja anayesindikizwa na luti, chombo cha nyuzi kilicho jamaa ya gitaa: vitabu 32, kati ya mwaka wa 1920 na 1932. Katika miaka hiyohiyo Fellowes alikuwa mmoja wa wahariri watano wa mkusanyo mwingine, ule wa muziki wa kanisa wa enzi ya wafalme wa ukoo wa Tudor, uliolipiwa na mfuko wa Carnegie wa Uingereza na kutolewa katika vitabu vikubwa 10 kati ya mwaka wa 1922 na 1929. Kati ya wenzake alikuwemo Richard Terry, aliyekuwa akiwaimbisha misa za Byrd waimbaji wa katedrali ya Kikatoliki ya Westminster. Alikuwemo pia mwanamke mmoja, Sylvia Townsend Warner, aliyejulikana baadaye kama mwandishi wa riwaya.

Safari za kutafuta vitabu zilizaa matunda yasiyotazamiwa. Katika maktaba ya katedrali ya Durham, Fellowes alikutana na muziki wa Byrd uliokuwa umesahauliwa: nyimbo za sala ya asubuhi, ya jioni na ya meza ya Bwana, katika Kiingereza, kwa kwaya kubwa iliyogawanywa pande mbili. Mkatoliki aliyetunga misa za siri ndiye huyohuyo aliyewapa Waprotestanti mojawapo ya kazi tukufu kuliko zote za kanisa lao. Leo inaimbwa katika katedrali za Uingereza.

Mwishoni Fellowes alichukua kazi zote za Byrd akiwa peke yake: vitabu 20, kati ya mwaka wa 1937 na 1950. Kitabu cha mwisho kilitoka akiwa karibu na miaka 80. Mwaka mmoja kisha akafariki.

Vidole vya mhariri

Sasa tunafika kwenye lawama. Fellowes alitaka nyimbo ziimbwe, na ziimbwe mara moja, na kwaya za siku zake. Kwa hiyo alizipandisha ao kuzishusha kusudi zifae sauti za waimbaji aliowajua. Aliongeza maagizo ya kuimba kwa nguvu ao polepole, ambayo watunzi wa karne ya 16 hawakuyaandika. Alipokuta noti isiyomridhisha, mara nyingine aliisahihisha bila kumwambia msomaji vya kutosha ni nini kilichokuwa katika kitabu cha zamani. Na katika kazi kubwa namna ile ya mtu mmoja, hakulinganisha kila mara nakala zote zilizobaki.

Matokeo yake ni kwamba mwanakwaya aliyeshika kitabu chake hakuweza kila wakati kujua kama anamfuata Byrd ao anamfuata kasisi wa Windsor. Kwa mtu anayetaka kuimba tu Jumapili, pengine si tatizo. Kwa mtu anayetaka kujua namna Byrd alivyofikiri, ni tatizo kubwa, kwani noti moja iliyobadilishwa inaweza kufuta ule mgongano wa sauti ambao mtunzi aliutaka.

Thurston Dart, mtaalamu wa kizazi kilichofuata, alichukua vitabu vya Fellowes vya madrigali na vya luti na kuanza kuvitengeneza upya, akirudi kwenye vitabu vya zamani. Kisha Philip Brett, Mwingereza aliyefundisha California, akasimamia toleo jipya kabisa la kazi zote za Byrd. Lilianza kutoka miaka ya 1970 na kukamilika mwaka wa 2004, miaka miwili kisha kifo cha Brett mwenyewe. Katika matoleo haya ya pili sheria ni moja: kila alichoongeza mhariri kinapaswa kuonekana. Noti aliyoipandisha inawekewa alama yake, maneno aliyoyajaza yanaandikwa kwa herufi tofauti, na nyuma ya kitabu kuna orodha ya kila mahali ambapo nakala za zamani hazipatani.

Je, hiyo ina maana kwamba kazi ya Fellowes ilikuwa bure? Hapana. Bila yeye, Dart na Brett wasingekuwa na kwaya zinazodai vitabu vizuri zaidi. Muziki usioimbwa hauna mtu wa kulalamika kwamba umechapwa vibaya. Fellowes aliufanya ulalamikiwe. Lakini waliomfuata walionyesha kwamba kuliokoa andiko hakukuruhusu kuingiza mkono wako ndani yake na kunyamaza. Mambo hayo mawili yanapaswa kwenda pamoja, na mara nyingi ni watu tofauti wanaoyatimiza.

Tenori isiyopatikana

Sheria hiyo ya kuonyesha mkono wa mhariri inajaribiwa zaidi pale ambapo sauti nzima haipo. Katika chuo cha Peterhouse, Cambridge, kuna seti ya vitabu vilivyoandikwa karibu na mwaka wa 1540, miaka ya mwisho ya Henry VIII, inaaminiwa kwa ajili ya katedrali ya Canterbury. Vilikuwa vitano. Vimebaki vinne. Kitabu cha tenori hakipo, na kurasa kadhaa za sauti ya juu zimetoka. Ndani yake mna nyimbo zipatazo 70 za Kilatini, na nyingi kati yake hazimo katika kitabu kingine chochote.

Nick Sandon, mtaalamu Mwingereza, alitumia miaka mingi kuitunga upya tenori hiyo. Hakuibuni kutoka hewani. Katika muziki wa wakati ule sauti zinaigana: moja inaanza na sauti fulani fulani, nyingine inairudia, ya tatu inaifuata. Kama sauti nne zimeigana na kuna nafasi tupu, mtu anayejua mtindo anaweza kuona mahali tenori ilipoingia. Mara nyingine tenori ilibeba wimbo wa zamani wa Kanisa unaojulikana kutoka kwingine, na hapo mhariri ana uhakika zaidi. Mahali pengine anapaswa kuamua kwa kusikia kwake. Kundi la Blue Heron la Boston, Marekani, lilirekodi sehemu ya nyimbo hizo katika sidi tano, na ya tano ikapata tuzo ya gazeti la muziki la Gramophone mwaka wa 2018.

Vitabu vingine havikupotea lakini vinajiharibu vyenyewe. Vile vya John Sadler, vilivyoandikwa katika karne ya 16 na kuhifadhiwa Oxford, viliandikwa kwa wino wenye asidi. Wino umetoboa karatasi, noti za upande mmoja zikajitokeza upande wa pili, mpaka ikawa vigumu kusoma. Tangu mwaka wa 2014 wachunguzi wa vyuo vikuu vya Newcastle na Oxford walivipiga picha na kuvisafisha kwa kompyuta, noti moja moja, wakitenganisha wino wa mbele na ule wa nyuma. Vitabu vyenyewe havikuguswa. Mwenye kutaka kujua kama kompyuta imekosea anaweza kutazama picha ya hali halisi kando ya picha iliyosafishwa.

Kitabu cha tenori cha Peterhouse hakijapatikana mpaka leo. Huenda kilichomwa, huenda kilikatwa kufunika kitabu cha hesabu cha mtu fulani. Lakini kama siku moja kitaonekana ndani ya sanduku la nyumba ya zamani, hakuna kwaya itakayochanganyikiwa. Mstari wa Sandon unajulikana kuwa ni wa Sandon. Utaondolewa, na ule wa kweli utachukua nafasi yake.